Kukomboa Nyumba kwa Korosho

Mama alipofikisha miaka hamsini na mitano aliamua kuacha kazi. Ni muuguzi, na mtumishi wa umma anaruhusiwa kustaafu kwa hiari katika umri huo. Miguu yake ilikuwa imeamua zamani. Alikuwa akirudi kutoka wodini vifundo vimevimba, ukibonyeza kwa kidole shimo linabaki hapo mpaka uchoke kulitazama. Kilichokuwa kikimzuia ni mkopo wa nyumba.

Nyumba yenyewe ipo Kilwa Masoko, vyumba vitatu na baraza. Aliinunua kwa mtumishi mwenzake aliyehamishwa mkoa mwingine, nami nilikuwa kidato cha tatu. Benki ilitoa milioni thelathini, arudishe kwa miaka kumi na mitano. Makato yanatoka kwenye mshahara kabla haujamfikia, laki nne na sitini na kitu kila mwezi. Katika miaka tisa sikuwahi kumsikia akisema "nimelipa". Alikuwa akisema "wamekula".

Wakati ule sikulitilia maanani neno hilo. Nilikuwa na maswali mengine. Nikiwa mwaka wa pili chuoni nilikuja likizo nikamkabili na suala la riba. Nilimwuliza mtu anayeswali swala tano anawezaje kuweka saini mkataba wa namna ile, kisha nikamwuliza kama ana uhakika kwamba katazo lenyewe linahusu benki za siku hizi. Nilibishana pande zote mbili peke yangu, naye anachambua mchele. Mwishoni akasema nikipata jawabu nimwambie. Niliondoka nikijiona nimeshinda. Kiasi cha riba yenyewe sikukiuliza.

Ili jambo hili lieleweke lazima nieleze habari ya mikorosho. Ukoo wa mama uko Mitole, na shamba la mikorosho la bibi sasa ni la mama na kaka yake, yaani mjomba wangu, ambaye ndiye anayeishi huko na kulitunza. Huko mtu akibanwa na shida huweka miti rehani. Anakwenda kwa mwenye fedha, anapewa milioni moja, tuseme, na mikorosho kadhaa inahamia kwa aliyempa. Msimu ukifika, korosho anaokota mwenye fedha. Msimu wa pili hivyo hivyo. Hata akivuna misimu kumi, deni linabaki milioni moja ile ile, na siku ukiirudisha kamili mbele ya mashahidi, miti inarudi. Ukimpelekea laki tano hazipokei. Atakwambia kazitunze, ukizifikisha milioni uje. Mjomba ana msemo wake kwamba mti haukombolewi tawi moja moja.

Miti ya bibi iliwahi kuwekwa rehani kwa ajili ya matibabu ya babu. Ilikaa kwa watu misimu kumi na mmoja. Mama alikuwa akipita chini yake kwenda shule na hakuruhusiwa kuokota hata bibo la kula njiani. Hilo alinisimulia mara moja tu, bila kulikuza, kama mtu anayeeleza njia ya kufika mahali.

Sasa turudi kwenye mkopo. Siku aliponiambia anataka kustaafu, aliniomba nimsaidie hesabu. Alinieleza kwamba tangu mwaka wa kwanza wa mkopo, kila korosho zikiuzwa mnadani na chama cha ushirika kikilipa, mgao wake anauweka kwenye akaunti ya pili, katika benki ile ile, na aliwaomba wasimtilie faida. Msimu mbaya unapungua, msimu mzuri unazidi, lakini kwa wastani ni milioni moja na nusu. Sasa zilikuwa milioni kumi na tatu na nusu. Alikuwa anataka nimtafutie njia ya kupata milioni kumi na sita na nusu zilizobaki.

Nikamwuliza kwa nini kumi na sita na nusu.

"Si ili zifike thelathini," akasema.

Ndipo nilipoelewa, na nikacheka. Namkumbuka akinitazama huku nikicheka. Mama yangu, mwanamke anayepima dozi za watoto wachanga kwa kichwa, alikuwa ameishi miaka tisa akiamini kwamba makato ni korosho: benki inakula kila mwezi kwa kuwa imeshika nyumba, na milioni thelathini zinamsubiri palepale, aje nazo siku moja, kamili. Alikuwa anakusanya ukombozi.

Nilimweleza kwamba benki si mtu wa Mitole. Kila mwezi wanakata deni pamoja na riba, nikamwambia, deni linashuka. Kisha nikafanya hesabu ambayo mtoto wa darasa la sita angeifanya. Miaka kumi na mitano, imepita tisa. Milioni thelathini gawanya kwa kumi na tano ni mbili kila mwaka. Miaka tisa ni kumi na nane. Zimebaki kumi na mbili, na yeye anazo kumi na tatu na nusu.

"Mama, umeshamaliza," nikamwambia. "Na chenji inabaki."

Hakupiga kigelegele wala nini. Aliniomba nirudie, nikarudia. Akakaa kitako, akavua soksi, akaniambia basi nimwandikie barua ya kustaafu. Niliiandika jioni ile ile, naye akaipeleka asubuhi kwa mganga mfawidhi, mkuu wa hospitali. Mchana alimpigia simu mjomba. Mjomba akataka kuongea na msomi. Akaniuliza kwa hiyo serikali imenisomesha miaka yote ile nije kugundua kwamba mama yangu ni tajiri, na kama kuna mwingine wa kumgundua nianze naye. Nilicheka naye. Nilikuwa nimefurahi, kusema kweli. Tangu nimalize chuo nilikuwa najitolea kufundisha sekondari kwa posho isiyofika mwisho wa mwezi, na hiyo ilikuwa mara ya kwanza elimu yangu kufaa kitu pale nyumbani.

Benki tulikwenda siku ya Ijumaa kabla ya swala. Ofisa wa mikopo alikuwa dada mdogo kuliko nilivyotarajia, amejitanda ushungi wa kijivu. Alimwamkia mama shikamoo, akamwambia kwamba mama ndiye aliyemchoma yeye sindano ya pepopunda akiwa darasa la tatu na mpaka leo akiona sare nyeupe mkono unamwuma. Mama akasema marahaba, mbona umekua. Tukacheka wote watatu. Akauliza namba ya akaunti, akabofya, mashine ikatoa karatasi.

Alisema deni lililobaki ni milioni ishirini, laki saba na elfu hamsini na nne.

Nilimwambia aangalie tena, pengine ni akaunti ya mtu mwingine. Akaangalia. Nikamweleza hesabu yangu ya kugawanya, naye akanisikiliza mpaka mwisho, kwa adabu, kama walivyofundishwa. Kisha akachapa ratiba nzima ya marejesho, kurasa nne, akaigeuza upande wangu. Alinionyesha mstari wa kwanza kwa ncha ya kalamu. Katika makato ya mwezi wa kwanza, laki nne na elfu ishirini na tano zilikuwa riba. Zilizopunguza deni ni elfu thelathini na sita na mia saba. Hazifiki bei ya viatu vya kazi vya mama.

Nilisoma kurasa zote nne pale pale. Sikumbuki nilijisikiaje. Nakumbuka feni, na mtu nyuma yetu aliyekuwa akikohoa. Riba inahesabiwa kwenye deni lililobaki, na mwanzoni deni lote limebaki, kwa hiyo mwanzoni unalipa riba karibu tupu. Deni linaanza kushuka sawasawa mwishoni, miaka ambayo watu wengi wanakuwa wamechoka kuangalia. Katika miaka tisa walikuwa wamemkata karibu milioni hamsini. Deni lilikuwa limeshuka milioni tisa na robo. Chini ya ukurasa wa nne kulikuwa na jumla ya yote mpaka mwaka wa kumi na tano: milioni themanini na tatu. Ni nyumba tatu kasoro kidogo, nasi tunakaa katika moja.

Mama alikuwa hajagusa karatasi. Alimwuliza ofisa kama anaweza kuacha kazi hivi hivi, deni lisubiri mafao yake. Yule dada alisema haiwezekani, deni limefungwa kwenye mshahara na lazima liishe kabla mshahara haujasimama, na mafao mara nyingi huchukua miezi kutoka. Lakini akasema anaweza kuingiza zile kumi na tatu na nusu leo. Zitakwenda kwenye deni moja kwa moja. Zitabaki saba na robo, na kwa makato yale yale zitaisha baada ya miezi kumi na nane.

"Mnapokea?" mama akauliza. "Ikiwa si zote?"

"Tunapokea wakati wowote, mama. Hata laki moja."

Mama akatikisa kichwa polepole. Halafu akanigeukia mimi. "Na ningekuwa natia kila msimu?"

Nilikuwa nimeshaipiga hesabu hiyo kwenye simu wakati wanaongea. Ningeweza kusema sijui. Nimejiuliza tangu siku ile kama ukweli ni lazima usemwe kila unapoulizwa, na sina jibu ninaloliamini. Siku ile nilisema kwa sababu nilikuwa nimezoea kusema.

"Ungekuwa umemaliza mwaka jana."

Ofisa aliangalia meza yake.

"Kumbe walikuwa wanapokea kidogo kidogo," mama akasema.

Hakutia sahihi siku hiyo. Aliomba afikirie.

Jumamosi mjomba alikuja kutoka Mitole na kiroba cha muhogo. Alikuwa amekwisha kusikia. Mbele yangu hakutania. Alikaa barazani, akaomba maji, akasema hili si jambo la kumlaza mtu macho wazi. Kuna mtu huko anataka mikorosho na fedha anazo. Atatoa milioni saba na robo Jumatatu, mama aimalize benki, astaafu, na mafao yakitoka waikomboe miti. Msimu mmoja tu utakuwa umeliwa.

Nilimwunga mkono. Niliona hesabu inakubali. Msimu mmoja wa korosho ni kitu kidogo ukilinganisha na miezi kumi na nane ya kusimama wodini, na fedha ya kukombolea ilikuwa na uhakika. Nilimweleza mama kwa utaratibu, safari hii nikiwa na karatasi za benki mkononi na hesabu sahihi. Mjomba alikuwa akiitikia kila nilipotulia. Nilifikiri nikimwezesha kupumzika nitakuwa nimelipa kosa la ile barua niliyomwandikia.

Mama alisikiliza huku anamenya muhogo.

"Msimu mmoja," akasema. "Ndivyo walivyomwambia mama yangu."

Mjomba akaangalia chini. Yeye ni mkubwa kwake na alikuwepo. Nilijaribu kusema kwamba bibi hakuwa na mafao, kwamba mambo mawili hayafanani, na kweli hayafanani. Mama akasema anajua. Akasema ameliwa na watu misimu kumi na mmoja akiwa mtoto, na benki miaka tisa, lakini katika hiyo tisa miti ilikuwa yake, na itakuwa yake asubuhi akiamka. Miezi kumi na nane atasimama. Kisha akamwuliza mjomba kama muhogo ule ni wa shamba la bondeni, maana una nyuzi. Mjomba akasema nyuzi ziko kwenye meno ya mama, si kwenye muhogo.

Jumatatu alipita benki, akatia sahihi, zile kumi na tatu na nusu zikahamishwa kutoka akaunti moja kwenda nyingine ndani ya jengo lile lile. Hakuna aliyebeba noti wala shahidi aliyeitwa. Akatoka hapo akaenda kwa mganga mfawidhi kuomba arudishiwe barua yake ya kustaafu. Bahati nzuri ilikuwa bado kwenye trei, haijatumwa wilayani. Aliomba pia ahamishiwe kliniki ya watoto, ambako kuna kiti. Mganga alisema nafasi ikitokea. Nilimsubiri nje, nikatazama akina mama wakipanga foleni na kadi zao, na sikuhisi hasira niliyokuwa nimejiandaa kuihisi. Dada wa benki alikuwa amenionyesha kila kitu nilichouliza. Mkataba ulikuwa kabatini kwetu miaka tisa, na ratiba ile ile ilikuwa imebanwa nyuma yake.

Mwisho wa mwezi mshahara uliingia, umekatwa kiasi kile kile. Nilichukua ratiba mpya nikamsomea, kwa kuwa sasa anataka kusomewa. Riba ilikuwa laki moja na elfu mbili na kitu. Zilizobaki, karibu laki tatu na sitini, zimepunguza deni. Akaniomba nisome tena ile namba ya pili. Nikasoma.

"Bado miezi kumi na saba," akasema, akainuka kwenda kupiga pasi sare.