Wavu wa Majaribio

Mimi nilizaliwa ng'ambo ya ziwa, upande wa Kongo, mume wangu akanioa na kunileta huku Nchelenge, upande wa pili. Katika nyumba yetu kuanika nyavu ilikuwa kazi yangu, na sikupenda mtu mwingine aziguse. Wavu wa pamba ukilala na maji umekwisha, unaoza na kukukatikia mikononi. Kwa hiyo mtumbwi wa mume wangu ulipofika ufukweni, mimi nilikuwa tayari nimesimama penye miti ya kuanikia. Majirani walinitania kwamba naupenda wavu kuliko mwenye wavu.

Ilikuwa miaka ya hamsini alipokuja Mzungu wa kampuni moja ya Ulaya ya kutengeneza nyuzi. Alijua Kiswahili cha Katanga, kile cha kwetu cha 'njo' kwa 'ndiyo' na 'ba' kwa 'wa'. Alikaa kwenye kiti chetu pekee akamweleza mume wangu kwamba wakubwa wake wametenga wataalamu wa kutafuta biashara za miaka ijayo, na ziwa letu limechaguliwa kuwa mahali pa kujaribia. Kisha akafungua gunia. Wavu uliotoka humo ulikuwa mweupe na mwepesi, hata nikadhani hauwezi kushika kitu.

"Ni ya bure," alisema. "Mutumikishe tu vile munatumikishaka ya zamani."

Ulishika. Ulivua mpaka nikachoka kubanika samaki, macho yakaniwasha kwa moshi. Mume wangu hakungoja msimu uishe. Akampa mdogo wake, mwenye kambi ya uvuvi kisiwani Chisenga, nyavu zetu zote za pamba. Nilimwomba abakize japo mmoja.

"Mama, ile ni bintu bya zamani," mume wangu alinijibu.

Roho yangu haikutulia. Nikaendelea kuutunza ule mpya kwa bidii zangu zote. Ulikauka upesi, ila mimi niliuacha juani mchana kutwa, nikiugeuza huku na huku, maana ndivyo nilivyofundishwa na mama yangu.

Kiangazi kilipokolea, mume wangu alirudi mtumbwi mtupu. Samaki walikuwa wamepita katikati ya wavu kana kwamba haupo. Niliushika nikauvuta kidogo, ukakatika. Nikavuta kwingine, ukakatika tena. Niliogopa, nikadhani kuna mtu ametufanyia jambo.

Mzungu alipokuja kuutazama, aliujaribu kwa vidole na uso wake ukachangamka.

"Jua njo inakula uzi hii," alisema. "Ya pamba inataka jua. Hii inataka kivuli."

"Bwana, ulijua?" nikamwuliza.

"Kule Ulaya banawaza vile. Njo ile tulitaka kuona."

Aliyasema kwa upole, na alikuwa ametuletea sukari. Hasira iliyonipanda siku ile sijapata kuisahau.

Mdogo wake hakurudisha nyavu. Tayari alikuwa na watu waliozitegemea. Ikabidi mume wangu apige kasia katika mtumbwi wa mdogo wake, akiamriwa na kijana aliyemfundisha mwenyewe kuvua. Nyumbani aliacha kuzungumza. Alikula akalala, na watoto wakajifunza kumpisha.

Mzungu alirudi mvua zilipokwisha, na gunia jingine. Uzi wa safari hii ulikuwa wa rangi ya majani makavu. Nilitaka mume wangu aukatae, nikamwambia hivyo mbele ya mgeni, jambo lisilofanywa kwetu. Alinyoosha mikono akaupokea, kwa sababu alikuwa amechoka kupiga kasia la mdogo wake.

"Na hii, jua inaikula?" nikauliza.

"Hatuyue bado, mama. Njo maana tunabaletea. Mufanye tu vile munafanyaka."

Kesho yake mume wangu alirudi na samaki wa kutosha, akaniwekea wavu mikononi, akaenda kuoga. Ulikuwa mzito kwa maji. Miti yangu ya kuanikia ilikuwa mbele yangu, kwenye jua kali, na mlango wa nyumba ulikuwa nyuma, wenye kivuli. Nilisimama pale nimeukumbatia, maji yakichuruzika miguuni, mpaka akatoka kuoga akanikuta sijasogea.