Bwana Kando na Ushahidi wa Bibi

Harufu ya udi iliyochanganyika na vumbi linaloungua mgongoni mwa televisheni: mpaka leo ikinigusa pua, hunibidi nitafute pa kukaa. Ndiyo harufu ya nyumba yetu ya Wattaya, mtaa wa Maskati, majira ya baridi aliyokufa baba yangu. Nilikuwa na miaka kumi na miwili. Mama sikumjua, aliyenilea ni Bi Zuwena, mama yake baba. Kila Alkhamisi baada ya Alasiri tulikaa mkekani, mimi na yeye, kutazama michezo ya kuigiza ya Kimarekani. Bibi alisoma msahafu vizuri, lakini maandishi ya Kiarabu yaliyopita chini ya picha yalimshinda mbio, basi mimi mwanafunzi nikimsomea kwa Kiswahili.

Hakuwa na haja na nyota. Alimtafuta mtu mmoja tu, pua imepinda, mabega yamechoka, ambaye tulimwita Bwana Kando kwa kuwa siku zote alisimama kando. Bibi alimjua tangu ujana wake Unguja, kwenye sinema, siku za wanawake, bwana huyo alipokuwa askari kijana anayepigwa risasi kabla watu hawajamaliza njugu zao. Akaja kumkuta tena Maskati ndani ya sanduku la televisheni, mvi zimemwingia: leo daktari wa farasi, wiki ijayo muuza duka, nyingine karani wa hoteli. "Mara ngapi tushamzika huyu," Bibi akisema, "na bado anakwenda kazini." Jina lake hatukulijua. Lilipita mwishoni, dogo, kwenye msafara wa majina.

Alkhamisi moja alikuwa shahidi mahakamani. Kijana asiye na kosa alikuwa anyongwe, na Bwana Kando aliona kila kitu, lakini tajiri wa mji amekaa mbele anamkodolea macho. Bwana Kando akavua kofia, akaizungusha vidoleni. Nikasoma: "Sikuona kitu." Bibi akaupiga mkeka kwa kiganja.

"Sema, baba. Unamwogopa nani?"

Haikupita wiki, Ami Seif, kaka wa baba na mwenye nyumba, akaamua nitoke skuli. Mkewe kajifungua pacha, na mimi ndiye wa kuwalea. Nikawaambia wazee waliokuja kuamua kwamba baba, kitandani pake pa mwisho, aliusia nisome mpaka nimalize. Wasia wa maiti kwetu si neno la kupuuzwa, ila wao walitaka mtu mzima aushuhudie. Chumbani siku ile tulikuwa watatu: baba, mimi na Bibi. Wakamwuliza Bibi, wao wamo majlis, chumba cha wageni wa kiume, sisi tuko nyuma ya pazia. Nimekaa ubavuni pake. Akawa anazungusha pindo la mtandio vidoleni, vile vile kama ile kofia.

"Nilikuwa nnasali," akasema. "Sikusikia kitu."

Nawataja, simung'unyi maneno: Ami Seif aliniingiza jikoni, na Bi Zuwena alimfungulia mlango. Najua, alikula na kulala kwa mwanawe huyo, na mwenye nguvu mpishe. Lakini kikulacho ki nguoni mwako, na nguo yangu ilikuwa yeye.

Miezi ikapita, mchezo ule ukarudiwa. Pacha mmoja amelala begani pangu. Bwana Kando akavua kofia, nami nikasoma kwa sauti: "Niliona. Nilisikia. Na nitasema."

Bibi akanigeukia polepole. "Safari ile hakusema hivyo."

"Safari hii kasema."

Akajifunika mtandio usoni. Tangu siku ile hakuniambia tena nimsomee. Alitazama picha bila maneno mpaka alipokufa. Hakuniomba radhi, wala mimi sikumwomba.

Leo nimefika umri wake wa wakati ule. Napika kwenye skuli ya wasichana hapa hapa Maskati, na kengele ya asubuhi ikilia mwiko husimama wenyewe mkononi. Binti yangu kasoma mpaka chuo kikuu. Hilo sikumwachia mtu aliamue. Juzi kanitafutia mchezo ule kwenye simu. Akanisomea jina la Bwana Kando, akaniambia mzee yule alifanya kazi ile mpaka uzeeni na hakuwa nyota hata siku moja. Nikamwuliza, pale mahakamani anasemaje hasa?

"Anasema hakuona kitu, mama."

Yule Mmarekani nimemsamehe. Maneno yale aliandikiwa, na alipovaa kofia yake akenda zake, hakuna mtoto aliyetolewa skuli. Bibi yangu hakuandikiwa na mtu.