Hotuba ya Dakika Arobaini

Kuhariri video siku zile kulihitaji deki mbili: moja icheze, nyingine irekodi. Mimi nilikuwa na moja. Ya pili ilikuwa kwa mzee mmoja muuza vitenge wa mtaa wa Bwiza, na nakiri niliitamani deki ile kuliko nilivyowahi kumtamani mwanaume. Nilitaka kutengeneza filamu yangu mwenyewe, siyo kurekodi harusi za watu maisha yote.

Siku moja akaniita. Binti yake alikuwa anaolewa. Nirekodi sherehe ya mahari, nihariri kwa deki yake, na kazi ikimpendeza, deki itabaki kwangu mpaka filamu yangu iishe.

Tulianza asubuhi, maana vita vilituletea amri ya kutotoka nje na kila mtu alitaka kuwa kwake kabla ya giza. Mjini kwetu ng'ombe wa mahari ni pesa; haonekani uani, yumo vinywani mwa wazee. Mzee akasimama, akasema dakika arobaini. Akamsifu ng'ombe kuanzia pembe mpaka mkia, kisha akaanza kusalimia ndugu, jina baada ya jina, mpaka mkono wangu ukafa ganzi chini ya kamera.

Nikabeba deki yake mpaka nyumbani, nikakata. Hotuba ikabaki dakika nne, tamu kama ndagala za kukaanga, dagaa wa ziwani kwetu. Nilijiona fundi kwelikweli.

Jumapili ukoo mzima ukajaa sebuleni kwake kutazama. Wakacheka, wakapiga makofi. Ilipoisha mzee akanigeukia.

"Binti, watu yangu umeweka wapi?"

"Watu gani, muzee?"

"Wenye nilisalimia. Dada yangu na watoto yake, wako mu kambi ya wakimbizi kule Kigoma. Njia imefungwa, hawakuweza kuja. Hii kaseti ni yao. Siye tulikuwa hapa, tutaangalia nini?"

Niliona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Nilikuwa nimeyasikia majina yote yale bila kujiuliza kwa nini hakuna aliyeitika.

"Ile ya kwanza ingali iko?"

"Iko, muzee. Sikufuta."

"Basi rudisha wote. Mambo ya deki tutaongea nyuma, siyo leo."

Nikarudisha kila jina. Umeme ulikatika mara tatu, na mara tatu nikaanza upya huku nikijisonya mwenyewe. Kaseti ikaondoka na boti la mizigo lililoenda Kigoma bila abiria, na deki ikarudi kwa mzee.

Wiki nyingi zikapita ndipo ikaja barua ya dada yake. Mzee alinisomea mlangoni pa duka. Walikuwa wameitazama kwa jirani mwenye jenereta, na kila jina lilipotajwa, mwenyewe aliinuka akaitika, "Niko." Walikuwa na lalamiko moja tu: hotuba ilikuwa fupi.

Mzee alicheka mpaka akavua miwani na kufuta machozi. Kisha akaingia ndani, akatoka na deki, ameifunga kwenye kitenge kipya.