Jenerali Wako Alikuwa Nani

Kosa lilikuwa langu, na sitafuti mtu wa kumsukumia. Mimi ndiye niliyeuliza.

Baba alikuwa anakaribia miaka tisini nilipomleta Toronto, baada ya mama kufariki. Nilimpa chumba cha pili katika nyumba tunayopanga hapa Flemingdon Park, ghorofa ya kumi na mbili, na kwa mwaka mzima alikaa dirishani akiitazama miti ya bondeni. Uji alionja vijiko viwili, akasukuma bakuli. Mimi ni muuguzi. Nalisha wazee wa watu kutwa nzima, kisha nikirudi nyumbani wangu mwenyewe hataki kufungua mdomo. Nilimkasirikia, nakiri. Wajukuu wakimwamkia kwa Kiingereza, anatikisa kichwa, mazungumzo yameisha.

Aliyemfufua ni mzee mwenzake wa kanisani. Huyo aliishi St. James Town, mtaa mwingine wa hapa Toronto, kwa mwanawe, na kwao ni upande wa pili wa Mlima Kenya ukitokea kwetu. Wote wawili walikuwa wamepigana msituni na Waingereza wakiwa vijana, na hilo lilitosha kuwafanya marafiki. Kila Jumamosi mchana mke wa mwanawe alimleta kwetu, wakacheza drafti kwa vifuniko vya soda. Lugha zao za nyumbani zinakaribiana, lakini mbele yetu waliongea Kiswahili ili watoto wasikie.

"Wewe mzee, unaniibia mchana kweupe!"

"Mwingereza nilimwibia bunduki, nije nikuibie wewe kifuniko?"

Baba akaanza kumaliza ugali. Akaanza hata kulalamika kwamba mboga haina chumvi, na mimi nikaenda bafuni kulia kwa furaha.

Kuna jambo nililiona nikalipuuza. Walisimuliana njaa ya msituni, baridi, ndege za mabomu, kambi moja ya Baba kwenye mianzi ambako walikula asali wiki nzima. Lakini hawakuulizana hata siku moja walikuwa chini ya nani. Nilidhani ni uzee. Sasa najua kwamba waliotoka msituni hawaulizani hivyo, kwa sababu ulifika wakati majenerali wawili wakubwa wakakosana. Mmoja alitaka kuandikia serikali barua wazungumze amani. Mwingine akasema huko ni kuwauza waliokwisha kufa. Mabomu ya Mwingereza yakiendelea kuwaangukia wote, vikosi vyao vikageuka kuwindana. Watu waliitwa kwenye mikutano ya mapatano, wakafika, wakafungwa kamba. Shuleni hatukufundishwa hayo. Tulifundishwa mashujaa, wote wamepangwa mstari mmoja kama picha ya darasa.

Desemba kanisa letu liliandaa sherehe ya Jamhuri, na mchungaji akaniomba nirekodi wazee ili watoto waone. Nikaegemeza simu kwenye birika la chai, nikajitia mwanahabari.

"Wazee wetu, tuambieni. Kila mmoja, jenerali wako alikuwa nani?"

Mchezo ukasimama. Baba alinitazama kama aliyeniona nikivua nguo mbele za watu. Ningeweza kunyamaza. Nikarudia swali, kidomodomo changu, nikasema watoto wanangoja. Yule mzee akanyoosha mgongo akamtaja wake. Baba akamtaja wake.

Hawakuwa mtu mmoja. Hata mimi nililijua jina alilotaja yule mzee, na nililijua kwa ubaya. Kaka yake Baba, ambaye Baba alimfuata kuingia msituni, alialikwa na watu wa jenerali huyo kwenye mkutano wa mapatano kando ya mto, na hakurudi. Katika ukoo wetu wavulana watatu wamepewa jina lake. Kaburi hana.

"Ule mkutano wa mtoni," Baba akasema. "Ulikuwepo?"

"Nilikuwepo."

"Yuko wapi?"

Yule mzee akaanza kuokota vifuniko, kimoja kimoja, akivirudisha mkebeni. "Nilikula kiapo, mwenzangu," akasema. "Unajua kiapo."

Baba alikijua. Naye alikula chake.

Jumamosi iliyofuata mzee hakuja, wala ile nyingine. Nikaifuta ile video, kana kwamba ingesaidia kitu. Baba akarudi dirishani, bakuli likarudi kusukumwa. Asubuhi moja nilimfokea kwamba nimechoka, ale au aseme anataka nini.

"Mama," akasema. Ndivyo anavyoniita, kwa kuwa nina jina la mama yake. "Mama yangu aliniambia nimchunge kaka yangu. Nikifika kwake nitamwambia nimemwacha wapi?"

Nilimpigia simu mke wa mwanawe yule mzee, nikamsihi, nikampigia tena. Akaniambia mzee hataki kusikia. Kisha Februari akanipigia mwenyewe. Mzee alikuwa hospitali, mapafu yamejaa maji, na alikuwa anamtaka Baba.

Tulifika saa nane mchana. Nilitazama kipimo cha oksijeni kabla ya kumtazama yeye, ni mazoea ya kazi, na nikajua siku zake zinahesabika. Alimshika Baba kifundo cha mkono.

"Kiapo nimekichoka," akasema, akivuta pumzi kila baada ya maneno mawili. "Nitakwambia kaka yako alipo. Lakini mimi nina binamu yangu. Watu wa jenerali wako walimkamata, wakampeleka kambi ya mianzi. Wewe ulikuwa kambi hiyo. Uliniambia mwenyewe, ulipokuwa unanisimulia asali. Nimekaa na hilo tangu siku ile, nikashindwa kukuuliza. Niambie wangu, nikwambie wako."

Nilifurahi. Naona aibu kuandika hivyo, lakini nilifurahi. Nikaona ni jambo la maneno mawili tu, kisha Baba ale, alale, awe na cha kumwambia mama yake. Nikamgusa bega. "Baba, mwambie."

Baba akavuta blanketi, akamfunika yule mzee hadi kifuani, taratibu, kama mtu anayefunika mtoto.

"Pumzika, mwenzangu," akasema. Akachukua kofia yake akatoka.

Nilimfuata nikiwa nachemka. Ndani ya basi la Don Mills sikujali nani anasikia.

"Baba, huyo binamu yake, unajua alipo?"

"Najua."

"Sasa? Majenerali wote wawili wameshaoza! Unamlinda nani? Alikuwa tayari kukwambia, Baba! Umekufa njaa miezi miwili kwa ajili ya neno moja, na neno lilikuwa mdomoni mwake!"

Alingoja basi liondoke kituoni.

"Ningemwambia alipo," akasema, "angeniuliza alikufaje."

Yule mzee alifariki Alhamisi. Mke wa mwanawe aliniambia kwamba baada ya sisi kuondoka aliuliza mara mbili kama Baba amerudi. Nilimfikishia Baba habari hizo zote, hata hiyo ya mwisho, kwa sababu bado nilikuwa na hasira. Akaomba maji, akanywa, akasema asante.

Sasa anakula kidogo kidogo. Nakaa naye mezani hadi amalize. Swali lile la binamu alikufaje analijua, ananiona nalo usoni, na wakati mwingine anaweka kijiko chini akaningoja. Mimi humwongezea uji. Naogopa kwamba nikiuliza, atanijibu.