Shangazi alimficha mkimbizi, nusura apoteze shamba la Luiche

Wakuu, heshima kwenu. Hii sikusimuliwa, nilikuwepo. Nikiongeza chumvi, marehemu shangazi atanijia usingizini.

Shule niliacha darasa la sita, nikawa mtu wa kuzurura. Leo Kalemie na boti la mizigo, kesho Mpulungu, keshokutwa nabeba dagaa Kibirizi.

Ilikuwa miaka ile Warundi wanaingia Kigoma kwa wingi kukimbia vita. Nikarudi Ujiji, nikamkuta shangazi kwake Kasingirima ana kesi.

Shamba liko bonde la Mto Luiche. Aliachiwa na mumewe. Karatasi hakuna, mpaka ni minyaa. Na hana kingine cha kumlisha.

Jirani yake wa shamba, Mzee Hamimu, alikuwa ameshaliingia. Anasema ni lake, amelilima tangu mume wa shangazi afariki.

Siku ya kwanza Mahakama ya Mwanzo, hakimu akamuuliza shangazi nani alikuwa analima pale miaka yote hiyo.

"Mimi mwenyewe."

Hamimu akacheka mpaka kofia ikadondoka. "Mheshimiwa, goti la mama huyu linajulikana Ujiji nzima! Kuswali tu anaswali amekaa. Jembe atalishika na nini?"

Watu wakaangua kicheko. Hata mimi, Mungu anisamehe.

Nyumbani nikambana. "Shangazi, nani alikuwa analima?"

Akafunga mlango kwanza. "Melkiadi."

Melkiadi alikuwa Mrundi, alikimbia na mkewe. Shangazi akamwazima shamba. Tatizo ni kwamba wakimbizi walitakiwa wakae kambini, na yeye kamweka shambani kimyakimya. Ukapita msako, Melkiadi akapelekwa kambini upande wa Kasulu. Shamba likabaki wazi, Hamimu akaingia na jembe lake.

"Nikimtaja nimemchoma yeye, nimejichoma na mimi," shangazi akasema.

Hapo ndipo palikuwa na kosa, wakuu. Alikuwa anamficha shahidi wake pekee.

Mimi kwa udadisi wangu nikaanza kushinda mahakamani, nasikiliza kesi za watu wengine. Bure kabisa, na ni burudani kuliko mpira.

Nikagundua kitu. Wale wazee wawili wa baraza wanaokaa na hakimu, kila kesi ya shamba lazima waulize: "Ulipanda mti gani?"

Kwa wasiojua: kwetu shamba la kuazima unapanda maharage, mahindi, mihogo. Mti hupandi. Ukichomeka mchikichi, umetangaza kwamba ardhi ni yako.

Nikalikumbuka shamba la shangazi. Michikichi ya zamani ya marehemu mumewe imesimama pembezoni tu. Katikati hakuna hata mmoja!

Nikarudi mbio kumwambia Melkiadi aitwe awe shahidi.

"We mzururaji, utatufunga," akanijibu.

"Shangazi, mahakama ikimwita yenyewe, anakuja kihalali."

Alilitafakari siku tatu. Ya nne akasimama mbele ya hakimu: "Mheshimiwa, siku ile nilisema uongo."

Alisemwa, wakuu, alisemwa haswa. Lakini samansi ikaandikwa, nikaipeleka mimi kwa lori. Mkuu wa kambi akampa Melkiadi kibali cha siku tatu.

Nilimkuta anapalilia kibustani cha ukubwa wa mkeka. Nikamuuliza kama haogopi.

"Wameshanikamata. Watanikamata mara ngapi?"

Mahakamani aliinama kwa shangazi, akamwamkia kwa Kirundi, "Mwakeye, mama." Shangazi akajifunika uso kwa kanga.

Akaeleza kwamba shamba aliazimwa na mama huyu, na kila mavuno kikapu cha kwanza cha maharage alimpelekea yeye.

"Mwongo!" Hamimu akaruka. "Pale nimelima mimi!"

Mzee mmoja wa baraza akasema twendeni tukaone. Tukaenda wote, hakimu na viatu vyake mkononi, maana bonde lilikuwa tope.

Mzee akazunguka shamba taratibu. "Hamimu, kule kwako una michikichi mingapi?"

"Haihesabiki, mzee wangu."

"Na hapa, kwenye shamba lako la miaka yote hii, nionyeshe mmoja ulioupanda."

Hamimu akaitazama minyaa kama itamjibu. "Nilikuwa... natafuta mbegu nzuri."

Hata hakimu alicheka.

"Aliyelima hapa alikuwa anajizuia kupanda mti," mzee akasema. "Mwenye shamba hajizuii."

Kesho yake hukumu ikasomwa. Shamba la shangazi.

Kibali cha Melkiadi kilikuwa kinaisha siku hiyohiyo. Shangazi akataka twende wote shambani, na goti lake hilohilo. Mimi nimebeba mche wa mchikichi. Akauchukua, akampa Melkiadi.

Melkiadi akarudi nyuma. "Mama, mimi ni wa kuazima."

"Najua. Panda."

Akaupanda katikati kabisa, akaushindilia kwa kisigino, akaenda kupanda lori.

Msimu ule nilichimba mashimo mengine mimi mwenyewe. Ndiyo mara ya kwanza nilikaa mahali hadi nikavuna nilichopanda. Ule wa Melkiadi bado unazaa, na kikapu cha maharage ya kwanza nilimpelekea kambini mpaka mwaka aliporudi kwao.

Nilichojifunza: ukiazima shamba, azima mbele ya watu. Na mahakamani sema ukweli, hata ule unaokutisha, maana uongo wa huruma nao unaweza kukunyang'anya shamba.

Je, huko kwenu mwazimaji anakatazwa nini? Mwageni hapa, nina hamu ya kujua.