Koki Iliyovuja Mama Akiwa Eda

To. Halafu kimya. Halafu to.

Niliisikia kabla sijaona chochote, kabla hata sijajua kwamba nimeamka. Chumba kilikuwa bado kiza, shuka imenifunika uso, na ile sauti ikaja kama mtu anayegonga bati kwa ukucha mmoja, bila haraka, mwenye hakika kwamba mwishowe atafunguliwa. Nikalala nikiihesabu. Nilikuwa darasa la tatu, na kuhesabu ndiko nilikokujua kuliko mengine yote. Nilipofika sitini na kitu sauti ikabadilika, ikawa ya maji juu ya maji, na punde nikasikia debe linafurika na Mama anashuka kitandani.

Siku hizi nikilala nyumba ya watu na bomba lao likawa linavuja, wenyeji huniomba radhi asubuhi. Siwaambii kwamba nimelala vizuri kuliko kwangu.

Nyumba yetu ilikuwa Ng'ambo, pale Tabora, nyumba ya matofali mabichi yenye ukumbi katikati na uani nyuma. Bomba lilisimama uani, karibu mno na ukuta wa chumba cha Mama. Aliyelichomeka pale sijui alikuwa na haraka gani, maana uani kwenyewe kuliinama kuelekea ukutani. Debe likijaa, maji hayakuwa na pa kwenda ila kwenye udongo wa ule ukuta. Mwanzoni lilikuwa doa la upana wa sinia. Kisha likapanda mpaka magotini mwangu, na siku moja nikaona ufa mwembamba umetambaa kutoka kwenye unyevu hadi chini ya dirisha. Nikautia kidole. Ukameza ukucha wote.

Nyumba nyingine ingehama chumba tu. Lakini Mama alikuwa anakaa eda.

Baba alikufa kwa homa mwanzo wa kiangazi kile, wakati mikokoteni ya tumbaku inaingia kutoka Sikonge. Alikuwa fundi viatu. Babu yake aliwashonea makubadhi wapagazi waliokuwa wakienda pwani kwa miguu na kurudi, na Baba alipenda kusema kwamba ngozi ya ukoo wetu imeiona bahari kabla yetu. Alipozikwa, Mama aliingia chumbani mwao kukaa miezi minne na siku kumi, kama desturi ilivyo kwa mjane wa Kiislamu: hatoki nje ya nyumba ila kwa dharura, hajipambi, haonekani na wanaume wasio maharimu zake. Nilichokijua mimi ni kwamba Mama sasa yupo wakati wote, na kwamba sokoni naenda mwenyewe.

Baba mdogo Saidi, mdogo wake Baba, alikuwa karani wa stesheni. Alikuja kila Ijumaa baada ya swala, amevaa kanzu iliyopigwa pasi hadi inasimama yenyewe, koti begani. Alipiga hodi ndefu ili Mama apate kuingia chumbani na kushusha pazia, kisha alikaa ukumbini wakazungumza bila kuonana. Ijumaa ile nilimwona akienda uani, akachuchumaa mbele ya ufa, akarudi na sauti iliyokauka.

"Shemeji, ukuta huu utakuangukia."

"Haujaanguka," akajibu Mama.

"Nimemuuliza shehe. Amesema dharura inaruhusu. Nyumbani kwangu Chemchem kuna chumba, umalizie eda yako kwa amani."

"Amekufia humu, Saidi. Nitamalizia humu. Zimebaki siku thelathini na nne tu."

Baba mdogo aliketi. Kisha akasema polepole, kama mtu anayesoma barua asiyoipenda, kwamba atangoja hadi Ijumaa ijayo. Atakuja na mkokoteni, na akikuta ukuta bado umelowa atamhamisha, na Mama amsamehe, kwa sababu yeye hawezi kumzika kaka yake na mke wa kaka yake katika kiangazi kimoja.

Usinione mkatili nikikwambia kwamba mimi nilifurahi. Chemchem kulikuwa na watoto wenzangu. Lakini jioni ile nilimpelekea Mama chai, nikamkuta amekaa chini, mgongo ameuegemeza kwenye ule ukuta uliolowa, upande ambao Baba alikuwa akilala. Hakulia. Alikuwa ameegemea tu, kama anayeuzuia. Furaha yangu ya Chemchem ikaniisha palepale.

Asubuhi Mama akanituma kwa fundi Mrisho, aliyekuwa na karakana yake mitaa miwili kutoka kwetu. Koki yenyewe ilikuwa nzima, alisema baada ya kunisikiliza, kilichokufa ni kipira cha ndani. Vipira hivyo havikuwepo. Dukani walisema vimeagizwa, na kila wiki vilikuwa bado vimeagizwa. Nikarudi na habari hiyo.

"Mwambie aje hivyohivyo," akasema Mama. "Lakini asiingie. Akae nje ya mlango wa uani, akuelekeze. Utafungua wewe."

Nikamkumbusha kwamba Baba mdogo huingia mpaka uani, yeye Mama akiwa chumbani.

"Baba mdogo ni wa nyumba hii," akasema, na mazungumzo yakaishia hapo.

Ikawa hivyo. Jumanne nilirudi kutoka shuleni mapema. Fundi Mrisho akafunga ile koki kubwa ya njiani, iliyolisha nyumba tatu na ambayo haikuruhusiwa kufungwa muda mrefu, kisha akakalia sanduku lake la vifaa nje ya mlango wetu wa nyuma. Niliona vidole vya miguu yake tu, kwenye uwazi wa chini, na spana ikipenya kama mjusi.

"Nani huyo wa ndani?"

"Mimi, Zuhura. Shikamoo, fundi."

"Marahaba. Una miaka mingapi?"

"Tisa."

"Na mikono?"

"Miwili."

"Basi inatosha, wengine wanaharibu kwa hiyohiyo. Shika spana kwa chini, kama mwiko wa ugali mgumu. Mpini ukuelekee wewe, halafu vuta kuelekea mkono wako wa kulia. Usiitukane hata ikikataa."

Ilikataa. Nilining'inia kwenye ule mpini miguu ikiacha ardhi, fundi akiniuliza kila mara kama imelia, nami nikimjibu kwamba ninayelia ni mimi. Nje mwanamke wa nyumba jirani alikuja na ndoo yake.

"Mrisho, maji yetu umeyapeleka wapi?"

"Nimeyakalisha kidogo, dada yangu. Yanatembea tangu asubuhi."

"Na wewe umekaa hapo unaongea na mlango?"

"Mlango huu una adabu kuliko watu wa mtaa huu."

Kisha koki ikalia, mlio mfupi wa chuma kilichokata tamaa, na kichwa chake kikaanza kuzunguka mikononi mwangu. Nikakitoa. Ndani, mahali pa kipira, palikuwa na kiduara cheusi, chembamba, ukingo mmoja umeliwa.

"Umeona mpira?" akauliza fundi.

"Naona ngozi."

Vidole vya miguu chini ya mlango vikatulia.

"Hiyo aliikata marehemu baba yako," akasema. "Nilimwambia haitamaliza mwaka. Sasa ni mwaka wa nne huu. Haya, itupe, tutafute nyingine."

"Usiitupe," Mama akasema kutoka chumbani, kwa sauti kubwa kuliko zote nilizomsikia tangu msiba. "Niletee."

Mkono wake ukatoka pembeni mwa pazia, nikakiweka kile kiduara kiganjani. Ukarudi ndani.

Nilipokuwa mtu mzima nilimsimulia shehe mmoja kisa hiki. Akaniambia kwamba fundi angeweza kuingia hata mara kumi, ilimradi Mama akae ndani ya chumba chake. Mama alilijua hilo vizuri kuliko mimi. Alijua pia, naamini, kilichokuwa ndani ya ile koki, na kwamba mtu mwingine angekitoa kwa ncha ya bisibisi na kukirusha kwenye majivu.

Basi akaniita nimpelekee sanduku la Baba la kushonea viatu. Akachagua kipande cha ngozi nene, akakilaza kile cha zamani juu yake, akakizungushia kisu pole pole. Yeye alikuwa mtoto wa Sikonge, wa ukoo wa warina asali, na kwao nta ndiyo dawa ya kila kitu: nyufa za visigino, mtungi unaovuja, uzi wa kushonea. Akaipasha nta kwenye kijiko, akaipaka ngozi mpya pande zote mpaka ikang'aa kama peremende. Fundi hakuambiwa, kwa kuwa hakuuliza. Nikaiweka, nikakaza, koki ya njiani ikafunguliwa. Tukangoja. Hakuna tone. Nilijiona mimi ndiye taifa zima la kujitegemea ambalo mwalimu wetu alilisema kila asubuhi mstarini.

Kesho yake saa saba mchana ikaanza tena, na safari hii halikuwa tone bali uzi mzima wa maji.

Nilikimbia kumwita fundi. Alisimama nje ya mlango, akaniuliza maji yenyewe yakoje. Nikamwambia ni ya moto, kama kawaida ya mchana, na yana vijiwingu vyeupe. Jirani aliyekuwa akipita, aliyechota maji kwetu mchana ule, akaongeza kwamba chai yake ya leo imenukia mzinga.

Fundi Mrisho akakaa juu ya sanduku lake, akacheka mpaka akakohoa.

"Mama Zuhura," akasema kwa heshima, akisema na mbao za mlango, "nta mmeipaka nyinyi?"

"Mimi," akasema Mama.

"Bomba lenu limelala juani tangu njiani hadi uani. Jua la Tabora linayeyusha nta mzingani na nyuki wenyewe wamo, sembuse humo. Ngozi haitaki mapambo, shemeji. Iloweke usiku kucha kwenye maji matupu, ivimbe, ishibe. Yenyewe itaziba."

Nikamsikia Mama akicheka nyuma ya pazia. Kilikuwa kicheko kidogo, kilichokatika upesi kama anayekumbuka yuko wapi, lakini nilikisikia, na sikuwa nimekisikia tangu Baba augue.

Usiku ule kiduara kingine alichokata Mama kililala ndani ya bakuli la maji. Alhamisi alfajiri, kabla jua halijapanda, nilifungua na kufunga ile koki mwenyewe, fundi akisema maneno matatu tu kutoka nje. Tukangoja saa saba. Ikapita. Ikaja alasiri, bomba likiwa la moto kiasi cha kuunguza kiganja, na mdomo wa koki ulikuwa mkavu.

Ila ukuta haukuwa mkavu. Hilo nililijua kuliko mtu yeyote, maana Ijumaa asubuhi niliugusa kabla ya kwenda shule na nilipotoka shule, na mara zote mbili vidole vyangu vilitoka na udongo. Ukuta uliokunywa maji miezi miwili haukauki kwa siku moja.

Baba mdogo alifika baada ya swala. Nje nilisikia magurudumu, na mtu akimsemesha kwa Kinyamwezi, akamjibu angoje. Akapiga hodi yake ndefu. Pazia likashuka. Akapita ukumbini bila kukaa, akaenda moja kwa moja uani, nami nyuma yake.

Alitazama koki kwanza. Aliitazama kwa muda mrefu, akingoja tone, na mimi nikangoja naye. Halikuja.

"Nani katengeneza?"

"Mimi. Mama kakata ngozi."

Akanitazama kama aliyeambiwa jambo kwa lugha nyingine. Kisha akachuchumaa, akakunja mkono wa kanzu, akaweka kiganja chake chote chini kabisa ya ukuta, palepale penye ufa. Akakiacha hapo. Upande wa pili wa yale matofali, nilijua, Mama alikuwa ameegemea.

"Shemeji," Baba mdogo akasema mwishowe, bila kuinuka. "Ukuta umekauka."

Nikafungua mdomo nimsahihishe. Nilikuwa mtoto mkweli, na nilimwonea huruma, karani wa watu, mikono yake imezoea karatasi haijui mbichi na kavu. Mkono wake mwingine ukanishika utosini, ukanikandamiza kidogo, nami nikafunga mdomo.

"Alhamdulillahi," akasema Mama kutoka ndani.

"Kesho nitaleta miti miwili niuegemeze. Si kwamba kuna neno. Ni woga wangu tu."

"Ilete, Saidi. Na huo mkokoteni nje?"

"Nilikuwa napita nao."

Akainuka, akajipangusa kiganja kwenye kanzu yake, na vidole vinne vya tope vikabaki ubavuni, juu ya ile nguo nyeupe ya Ijumaa. Aliviona. Akavifunika kwa koti lake, akanitazama, akavuka ukumbi.

Miaka mingi nilisimulia kisa hiki kama kisa cha mtoto aliyetengeneza koki na kumbakiza mama yake nyumbani. Watu walinisifu, nami nikakubali sifa zao. Nilikwisha kuzaa mwenyewe, na kumuuguza mtu mwenyewe, ndipo siku moja katikati ya masimulizi nikasita, nikiwa nimeukumbuka ule mkono utosini na uzito wake. Siku zile zilizobaki zote alikuja kila asubuhi kabla ya kazi kuitikisa ile miti, akidai kwamba njia ya stesheni inapita kwetu. Haipiti.

Ijumaa ile sikujua lolote kati ya hayo. Nilimfuata mpaka mlango wa mbele. Mtu wa mkokoteni akasimama, akauliza vitu viko wapi, na Baba mdogo akamwambia wageuze tu. Kisha akanigeukia.

"Funga, mwanangu. Jua lisimpige mama yako."

Nikausukuma mlango kwa mikono miwili nyuma yake, mpaka kitasa kikaingia.