Machozi ya Mpiga Besi

Nilimhudumia mzee mmoja Mwingereza kwa miaka miwili na ushee, katika fleti ya binti yake pale Al Barsha, huku Uarabuni. Kiharusi kilikuwa kimemlemaza upande wa kushoto. Binti yake, ambaye nilimwita madam, aliniambia siku ya kwanza, "Baba alikuwa mwanamuziki. Akianza hadithi zake, wewe msikilize tu." Kisha akachukua mkoba wake akaenda kazini Oud Metha.

Basi nikawa msikilizaji. Nilipokuwa nikimnyoosha vidole kimoja kimoja, kama nilivyoelekezwa na mtu wa mazoezi, alinisimulia. Alikuwa na miaka kumi na tisa, anauza viatu dukani, rafiki yake wa shule alipomwambia bendi imekosa mpiga gitaa la besi. Hakujua kupiga. "Nyuzi nne tu," rafiki akamwambia. Mwaka uliofuata wasichana mashabiki walikuwa wakivunja vioo vya gari la bendi. Rafiki ndiye aliyeimba, na jina lake ndilo walilolililia. "Mimi nilisimama pembeni," mzee alisema. "Picha nyingi zimenikata bega."

Bendi ilipovunjika akaingia kwenye uigizaji. Kwanza aliigiza maiti, meno yakamgongana kwa baridi mpaka ikabidi warudie. Baadaye akawa tarishi kwenye tamthilia ya televisheni, miaka tisa. Sokoni bibi mmoja alimsimamisha akamgombeza kwa barua iliyopotea. Yote hayo aliyasimulia kwa sauti ile ile, kama mtu anayesoma ratiba ya basi.

Nami nilikuwa vivyo hivyo. Mwezi wangu wa pili pale, kaka alinipigia simu kutoka Tanga kwamba mama amefariki. Ilikuwa asubuhi, napiga pasi. Wangemzika alasiri ile ile, nisingewahi kwa vyovyote. Nikasema innalillahi, nikaweka simu chini, nikaendelea na mashati. Madam alinipa siku tatu za kupumzika. Siku ya pili nikaomba nirudi kazini. Sikuwa nikijikaza. Ndani hamkuwa na kitu cha kukaza.

Kisha habari zikaja kwamba yule mwimbaji amekufa huko Uingereza. Yeye na mzee hawakuwa wamesemezana tangu bendi ilipovunjika. Kituo kimoja cha televisheni kikaomba kumhoji mzee kwa video. Nikamvalisha shati la bluu, nikamwekea mto chini ya mkono, madam akaweka kompyuta mezani.

"Unamkumbuka vipi?" mtangazaji aliuliza.

Midomo ya mzee ikatetemeka. Machozi yakamtiririka mpaka kidevuni. "Alikuwa ndugu yangu," alisema, akashindwa kuendelea. Mtangazaji akajifuta macho. Madam, nyuma ya kompyuta, alikuwa akilia kwa kwikwi.

Kioo cha kompyuta kilipozima, mzee akajipangusa kwa mkono wa shati. "Nimefanya vizuri?"

Madam akamtazama, akaingia chumbani kwake, akafunga mlango.

"Nilisubiri yaje ya kweli," mzee akaniambia. "Hayakuja. Nikatoa yale ya kazini."

Ndipo nikamweleza juu ya mama na pasi. Habari ya pasi sikuwa nimemweleza mtu.

"Mashati uliyamaliza?"

"Yote."

Akatikisa kichwa taratibu. Hakunipa pole, na moyoni nikamshukuru. Akaomba chai, nikaenda kuchemsha maji.

Siku mbili madam hakumsemesha baba yake. Ya tatu akanifuata jikoni. "Lile swali lake, alikuwa anatania, sivyo? Machozi yalikuwa ya kweli?"

"Ya kweli, madam."

Sijui kwa nini nilidanganya. Jibu lilitoka lenyewe, kama mtu anavyojibu salamu. Akaenda sebuleni, akaketi karibu na baba yake, akalaza kichwa kwenye lile bega la kushoto. Bega halikuhisi kitu. Mzee akaendelea kutazama kriketi, na madam akakaa vile mpaka mchezo ukaisha.

Mzee alifariki hospitalini, joto la kiangazi likianza. Madam alinipigia simu. Nikatandua kitanda, nikakunja shuka, nikafungua dirisha ili chumba kipate hewa. Wiki iliyofuata wakala wangu wa ajira alinipeleka mtaa wa Deira kwa familia nyingine, kumhudumia bibi ambaye hasemi kabisa. Namwogesha, namlisha, namgeuza asipate vidonda. Kazi ni ile ile.